Unga Juu ya Kila Jani

Jumatatu, 2 Juni

Mvua imekatika, namshukuru Mungu, na leo naanza kuandika. Kila msimu wa ubwiri unga huwa naandika mambo ya kazini tu: jani gani, limetoka wapi, lina nini. Mwaka huu nataka kuandika na mengine, maana mke wangu anasema nikifa watu watadhani niliishi na majani.

Basi kwa faida ya hao watu: mimi ni mchoraji na mtambuzi wa kuvu katika kituo cha utafiti wa mimea. Watu wanaleta jani linaloumwa, naliweka chini ya hadubini, nasema linaumwa nini. Kuliko wote naujua ukoo mmoja, wa ubwiri unga, ule unaolifanya jani lionekane kama limemwagiwa unga wa ngano. Ni ukoo mmoja lakini una nyumba nyingi, na kila nyumba ina tabia zake. Nimekaa nao miaka mingi kuliko niliyokaa na mke wangu, na hawajaniuliza hata siku moja kwa nini nimechelewa kurudi.

Jumatano, 4 Juni

Jua. Umande asubuhi. Hii ndiyo hali wanayoitaka, usiku wa baridi na mchana mkavu. Kuvu wengi wanalilia maji; hawa mvua ikiwanyeshea chembe zao hupasuka. Mimi na wao tunapatana, hata mimi sipendi kulowa.

Ijumaa, 6 Juni

Taa ya hadubini imefifia. Nimemwambia Miwani aagize nyingine. Miwani ni mwenzangu wa meza ya pili, binti mwenye shahada mbili na miwani minene kama kitako cha chupa ya soda. Jina hilo nilimpa mimi siku aliyoripoti, likamganda. Akasema, "Mzee, taa tulibadilisha juzi." Nikamwambia basi tumeuziwa mbovu. Akanyamaza.

Huyu binti ananyamaza sana, na kimya kingi kina mshindo mkuu. Nadhani anakitolea macho kiti changu cha dirishani.

Jumatatu, 9 Juni

Ubwiri umelipuka! Tangu nianze kazi sijaona kitu kama hiki. Asubuhi nimepita shamba la majaribio, maboga yote meupe pe, kutoka tuta la kwanza mpaka la mwisho. Sikungoja hata kuchuma jani, nilikwenda mbio kwa Mkuu wa kituo nikihema. Naye ni kijana mwenye heshima, hakuuliza mara mbili. Kwa ubwiri nani asiyeniamini? Akaamuru vijana wa shamba wapige dawa ya salfa leo leo.

Nimerudi nyumbani nimechoka lakini nimeridhika. Mke wangu amenikanda mabega bila kuombwa. Nashukuru kwa mke, nashukuru kwa kazi, nashukuru kwa jicho. Nasema jicho, siyo macho: la kushoto liliharibika utotoni, tulikuwa tunachezea vijiti. Kazi zote hizi zimefanywa na la kulia.

Jumanne, 10 Juni

Jua kali. Hakuna jipya.

Alhamisi, 12 Juni

Aibu niliyoipata leo sijui niiweke wapi.

Mkuu amekuja mezani kwangu. "Mzee wangu, twende tukanyooshe miguu." Tukaenda hadi kwenye maboga. Majani yameungua kingo, kahawia, salfa na lile jua la juzi. Akachuma moja. "Nionyeshe unga."

"Si huu hapa."

Akapitisha kidole gumba juu ya jani, akaniletea kidole karibu na pua. Nikaona unga kwenye kidole. Nikaona unga kwenye shati lake pia. Nikasema, "Utakuwa umeshatolewa na dawa."

"Vijana wa shamba wanasema haukuwepo tangu mwanzo."

"Vijana wa shamba wanajua nini!"

"Wana macho, mzee wangu," akasema. Hakusema kwa ubaya, na hilo ndilo lililoniuma zaidi. Tulirudi kila mtu na lake.

Jumamosi, 14 Juni

Nimemwuliza mke wangu jikoni kunaungua nini, mbona nyumba nzima ina moshi. Akatoka na mwiko mkononi. "Moshi gani?" Nikamwonyesha dirishani. Akaenda chumbani, akarudi na shati.

"Shati hili rangi gani?"

"Unanifanya mtoto? Jeupe. Lile la harusi ya binti yetu."

"Ni la bluu, baba watoto."

Nikacheka. Yeye hakucheka. Alikaa kwenye mkono wa kiti changu. "Mficha maradhi kifo humuumbua. Keshokutwa tunakwenda kwa daktari wa macho."

"Keshokutwa nina kazi."

"Kazi gani, ya kuwapiga dawa wazima?"

Kumbe habari imeshafika hadi jikoni kwangu! Nimenuna mpaka saa ya kulala. Hata sasa naandika kwa kalamu nene, herufi kubwa kama za mtoto wa darasa la kwanza, na bado nasema ni taa.

Jumatatu, 16 Juni

Si taa. Ni mtoto wa jicho, ameshaiva.

Daktari ni mama mtu mzima mwenye mikono ya baridi. Ameniambia ndani ya jicho kuna kioo kidogo, na changu kimekuwa cheupe kama maziwa. Watakitoa, waweke kingine. Mimi niliyeona unga juu ya kila jani, nikawaamsha watu wakaunguze maboga yasiyo na kosa, kumbe unga nilikuwa nao mwenyewe. Nilicheka pale kitini mpaka daktari akasita.

Mke wangu ndiye aliyeuliza nilichoogopa kuuliza. "Na isipokwenda vizuri?"

"Wengi wanapona vizuri kabisa," daktari akasema. "Lakini jicho la kuonea ni hili moja tu. Siwezi kumwahidi asilimia mia."

Yaani likiharibika, ndiyo basi. Si hadubini tu. Sitaona njia ya kwenda chooni, sitaona uso wa mtu. Wamenipangia tarehe 11 Julai. Nimemwambia mke wangu kazini asijue mtu. Akasema, "Hayo ni yako na watu wako wa kazini, mimi simo," akanishika mkono kushuka ngazi. Ngazi zenyewe sikuziona.

Alhamisi, 19 Juni

Naogopa. Leo sina lingine.

Jumatatu, 23 Juni

Mkuu ana jambo. Kuna wigo wa miti unaozunguka shamba la majaribio, na huo kweli una ubwiri unga, kila mwaka, hata kipofu anaujua. (Neno hilo limenitoka, naliacha.) Majirani wanaolima maboga wanasema wigo ndio unaowaambukiza, ung'olewe. Mkuu anataka jibu moja kabla ya Ijumaa: ubwiri wa wigo na ubwiri wa maboga ni mmoja au ni wawili? Kama ni mmoja, wigo unang'olewa. Kama ni wawili, hauna hatia.

Kazi amenipa mimi. Baada ya yote yale! Sijui ni heshima au ni mtihani.

Jumatano, 25 Juni

Nimekaa na slaidi, vile vioo vya hadubini, za wigo na za maboga ya majirani, tangu asubuhi. Ubwiri ukikomaa hutoa vidonge vyeusi, vidogo kuliko nukta ya kalamu, na kila kidonge kina nywele pembeni. Humo ndimo ukoo unamojitambulisha, nyumba kwa nyumba. Mimi niliona doa jeusi ndani ya maziwa. Nilisogeza, nikafuta lenzi, nikafuta jicho. Doa ndani ya maziwa.

Saa kumi jioni nikaandika: ni mmoja. Nikatia sahihi. Maboga yana doa, wigo una doa, basi ni ndugu. Nisijidanganye, nilibahatisha.

Alhamisi, 26 Juni

Lazima niandike yote, hata kama mkono utachoka.

Asubuhi kabla Mkuu hajafika, Miwani alivuta kiti akakaa mbele yangu. Karatasi yangu alikuwa nayo.

"Mzee, shikamoo. Umeandika ni mmoja."

"Marahaba. Nimeandika, ndiyo."

"Ncha za nywele ulizionaje?"

Damu ikanipanda. Nikamwambia nilianza kuhesabu nywele za ubwiri yeye hajaota meno. Nikamwambia shahada si hadubini. Nikamwambia, na sauti ilifika mpaka korido, "Kama kiti changu ndicho unachokitaka, kichukue, uache kunizunguka!"

Alitulia mpaka nikamaliza. "Kiti?" akasema. "Mzee, pale dirishani jua linanichoma macho. Sikitaki hata nikihongwa."



"Tangu mwezi wa nne naziangalia upya slaidi zako, ukishaondoka," akasema. "Palipokosewa nakuachia mezani kama vile hukumaliza, ufanye tena. Sijamwambia mtu. Lakini huu wigo wakiung'oa, siwezi kuurudisha."

Tangu mwezi wa nne! Na mimi nilikuwa nakuta kazi zangu mezani nasema nazeeka, nasahau kumaliza. Nilitaka kumkasirikia tena, nikatafuta hasira sikuipata. Nikasema kitu ambacho hata mke wangu sijamwambia kwa maneno hayo. "Sioni, mwanangu. Sioni kitu."

Alivua miwani yake akaifuta kwa ncha ya blauzi, muda mrefu kuliko inavyohitaji. "Mimi niligundulika darasa la pili. Mpaka siku ile nilidhani miti ni mabonge ya kijani tu. Niliporudi na miwani nilimwambia mama, kumbe miti ina majani mojamoja! Akalia barabarani." Akaivaa. "Haya. Niambie niangalie nini. Mimi jicho, wewe kichwa."

Akakaa kwenye kile kiti cha dirishani, akashusha pazia. Mimi nikakaa pembeni yake, nikafumba macho, maana kuyafumbua kulikuwa hakusaidii.

"Tafuta kidonge cheusi kilichokomaa. Nywele zake zikoje? Zinajiburuta kama uzi uliodondoka?"

"Hapana. Zimenyooka, zimesimama."

"Mwanzoni zina kitako cha duara, kama kitunguu?"

"Hazina."

"Nenda nchani taratibu. Zimegawanyika kama matawi?"

Nilisikia kitufe cha hadubini kikizunguka. "Mzee, zimejikunja. Kila moja. Kama ndoana."

Niliziona. Wallahi niliziona, zimechorwa humo kichwani mwangu. "Sasa bonyeza kioo kidogo tu, kidonge kipasuke. Ndani kuna mifuko. Wa maboga ana mfuko mmoja, basi, hana wa pili. Huyu anayo mingapi?"

"Mmoja... hapana, subiri. Mitatu. Inatoka. Mitano, mzee. Sita!"

Nikapiga meza kofi mpaka kalamu zikaruka. Ni wawili! Ukoo mmoja, nyumba mbali kabisa. Nilipojifunza mimi, wenye ndoana walikuwa na nyumba yao peke yao, na jina lao zuri. Baadaye wataalamu wakapima vinasaba wakawahamishia nyumba kubwa pamoja na wengine. Nikamwambia aandike jina jipya, la zamani nitabaki nalo moyoni. Akacheka, na ndipo nilipogundua kwamba sijawahi kumsikia akicheka. Na mimi ndiye niliyempa jina la kumcheka.

Karatasi yangu nimeichana mwenyewe.

Ijumaa, 27 Juni

Tumekwenda na Mkuu kwenye wigo, sisi watatu. Nimemweleza kila kitu: maboga, jicho, karatasi niliyobahatisha, slaidi za tangu mwezi wa nne. Miwani akataka kunikatiza, nikamwambia acha, nikishaanza nisisimame.

Kisha nikamweleza kuhusu wigo. Ubwiri hula jani lililo hai tu, mwenyeji akifa naye amekufa. Kwa hiyo mti wa wigo anaunyonya lakini hauui, ni mpangaji asiyetaka nyumba ianguke. Na kila mmoja ana mwenyeji wake. Huyu wa wigo ukimpeleka kwenye boga atakufa njaa. Miwani akageuza jani, akamwonyesha Mkuu vidudu vya mviringo, vya manjano, vidogo kama punje ya mtama. Ndugu zao wanakula vidukari, wale wadudu wanaofyonza majani. Hawa chakula chao ni ubwiri wenyewe, wanaulamba jani likabaki safi. Akamwonyesha na mahali ambapo unga umegeuka kahawia. Pale kuna kuvu mwingine kabisa, anaishi ndani ya ubwiri na kuula toka ndani.

"Wote hawa wanalelewa na huu wigo," Miwani akasema. "Siku maboga yakiugua kweli, wanavuka tuta wanakuja kula. Ukiung'oa, watatoka wapi?"

Mkuu alikuna kichwa, akaliangalia lile jani mbele na nyuma. "Kwa hiyo majirani wanataka nifukuze askari kwa sababu wamekaa karibu na mwizi."

"Na mwizi mwenyewe haibi kwao," nikasema.

Wigo unabaki. Tulipokuwa tunarudi Mkuu alinishika bega. "Mzee wangu, ungesema tu. Nilidhani umechoshwa na kazi, nikakupa ya wigo nikuamshe." Halafu akasema maboga nisiyaogope, hayana mdomo wa kushitaki. Nilirudi nyumbani mwepesi. Hata likiharibika jicho, nilifikiri, nimeishi na watu. Kisha nikafikiri tena: lisiharibike, tafadhali.

Alhamisi, 3 Julai

Miwani anaangalia, mimi nasema. Leo tumemaliza majani kumi na manne. Nikiwa peke yangu nilikuwa sifiki kumi. Nimemwomba msamaha wa lile jina. Akasema, "Limeshazoeleka, mzee. Hata mama ananiita hivyo."

Jumanne, 8 Julai

Umande mzito. Nimepita chumba kwa chumba nikigusa vitu, kabati, kitasa, kona ya meza, ili nivijue kwa mkono ikilazimu. Mke wangu alinikuta, hakuuliza. Alikwenda akahamisha stuli iliyokuwa katikati ya njia.

Jumapili, 13 Julai

(Naandika mimi mkewe. Yeye anasema, mimi naandika, na nikiona anadanganya nitasahihisha.)

Anasema niandike kwamba upasuaji ulikuwa Ijumaa na hakuogopa. Naandika kama alivyosema, lakini alinibana mkono mpaka pete ikaniachia alama.

Anasema jana walifungua bandeji na akaona mwanga. Ni kweli, mwanga tu. Maziwa yale yale, amesema. Daktari akatwambia jicho limevimba, tutie dawa ya matone na kulifunga tena, turudi Jumanne. Nilimwuliza daktari pembeni kama ni jambo la kawaida. Akasema hutokea. Sikupenda alivyolisema.

Anasema niandike shukrani: kwa daktari, kwa Mkuu kumpa likizo, kwa Miwani aliyekuja leo akamsomea mambo ya kazini mpaka akasinzia. Na kwangu, kwa chai. Nimemwambia miaka yote hii ndiyo kwanza ananishukuru kwa chai. Anasema alikuwa akishukuru kimoyomoyo. Haya, nimeandika.

Sasa amelala. Mungu, mimi sijui kuandika mambo marefu. Mrudishie.

Jumanne, 15 Julai

Mkono wangu mwenyewe. Kalamu nyembamba!

Daktari alitoa bandeji, akasema nisifumbue kwa pupa. Nilifumbua kwa pupa. Kwanza nikaona vidole vyake vitatu, na kucha, na kovu kwenye kimoja. Nikataja yote akasema kovu hakuliuliza. Nikaona ubao wa herufi, nikasoma mpaka mstari wa chini kasoro mmoja. Shati langu lilikuwa la bluu.

Kisha nikageuka kwa mke wangu. Alikuwa amekaa kwenye kiti cha ukutani, mkoba mapajani, ameukumbatia kwa mikono miwili. Nywele za mbele zote ni nyeupe. Pembeni mwa mdomo kuna mikunjo ambayo sikuiacha pale.

"Umezeeka lini?" Lilinitoka tu, wala sikulipima.

"Ulipokuwa unaangalia majani," akasema.

Daktari aligeukia dirishani akajifanya anapanga chupa. Mimi nilikwenda nikakaa kiti cha pili, nikamwangalia mke wangu kama ambavyo sijamwangalia tangu ujana, mpaka akasema nimwondolee macho, watu wanaona. Alikuwa analia na kucheka. Nimemwambia ni mzuri. Akasema daktari anikague tena.

Asante, Mungu. Asante, asante.

Jumatatu, 11 Agosti

Leo nimerudi kazini. Daktari ameruhusu, nusu siku kwanza. Mkuu amenipokea mlangoni. Mimi nikapita kwanza kwenye maboga kuyaangalia. Yametoa majani mapya, ya kijani kweli.

Miwani alikuwa ameshaniandalia slaidi ya wigo, na kiti cha dirishani amekifuta vumbi. "Karibu kwenye chako, mzee."

Niliinama, nikaweka jicho. Zilikuwepo, ndoana zote, nyembamba, kila moja imejikunja kwa upole kwenye ncha yake, na katikati kidonge cheusi kinang'aa. Nilihesabu mpaka nikapoteza hesabu, nikaanza upya. Sikumbuki nilikaa pale muda gani. Miwani alingoja bila kusema neno, na leo kimya chake nilikijua ni cha nini.

Nikasimama, nikamsogezea kiti, nikashusha pazia. Akakaa akidhani nimechoka. Nikachukua kile kiti cha pembeni, nikafumba macho.

"Ncha zikoje?" nikamwuliza.

"Mzee, si umeziona mwenyewe sasa hivi?"

"Nimeziona. Niambie tu."